Rufaa ya shamba la baba ilivyoishia kwa maridhiano

Sababu yetu ya rufaa iliyokuwa na nguvu kuliko zote ndiyo iliyonisukuma kwenye mapatano. Wakili alinifafanulia kwamba katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya mwenyekiti hakai peke yake, anakaa na wazee wa baraza, na kabla ya hukumu maoni ya wazee hao yanatakiwa yaandikwe na kusomwa mbele ya pande zote. Kwenye jalada letu hakuna palipoonyesha kuwa yalisomwa. Mahakama ya Rufani imeshafuta mienendo ya mabaraza katika mashauri kadhaa kwa kasoro ya namna hiyo. Nikafurahi, nikamwambia basi tumeshashinda.

Akaniuliza, "Unajua mkishinda kwa hoja hiyo mnapata nini?"

Shamba hatupati. Shauri linarudi Barazani kuanza upya, kwa mwenyekiti mwingine na wazee wengine, na mashahidi wote wanaitwa tena. Mashahidi wetu wawili, wazee waliomwona baba akifyeka pori lile, walikuwa wameshafariki. Nilitoka ofisini kwake nikiwa na rufaa nzuri mkononi na moyo mzito.

Naandika haya kwa ajili ya mtu ambaye kesi yake ya madai imefika rufaa na ameanza kusikia neno mapatano, awe yeye ndiye aliyeshindwa chini au aliyeshinda. Kupatana katika hatua ya rufaa si sawa na kupatana kabla ya hukumu. Tayari kuna hukumu iliyoandikwa, na hukumu hiyo haiondoki kwa sababu mmepeana mikono.

Mgogoro wenyewe ni wa Muheza, mkoani Tanga, Tanzania, shamba la michungwa. Baba alifariki 2011 akaacha ekari saba. Baba mdogo ndiye aliyebaki akilitunza, na 2014 akauza ekari tatu kwa mwalimu mstaafu wa pale kijijini bila kutuambia. Tulijua baada ya kuona nyumba inajengwa kando ya barabara. Nikateuliwa msimamizi wa mirathi na Mahakama ya Mwanzo, 2019 nikafungua shauri Barazani, na 2022 tukashindwa. Baraza lilisema Mwalimu alinunua kwa nia njema, ekari tatu ni zake, sisi tusiingie tena na tulipe gharama za shauri. Ndani ya ekari hizo tatu kuna makaburi: la baba, la bibi, na la kaka yangu aliyefariki mdogo. Kwa hukumu ile, kwenda kumfyekea baba nyasi kaburini kulikuwa kuvamia ardhi ya mtu.

Rufaa kutoka Baraza la Wilaya kwenda Mahakama Kuu ina siku 45. Nimewaona watu wanaoambiwa "tuzungumze kwanza", wakazungumza hadi siku zikaisha, na upande wa pili ukaacha kupokea simu. Mazungumzo hayasimamishi muda. Wasilisha rufaa kwanza, lipa ada kwa namba ya malipo unayopewa, hakikisha imesajiliwa, kisha ndipo mkae. Na ujue kuwa rufaa peke yake haizuii hukumu kutekelezwa. Aliyeshinda anaweza kuomba kukaza hukumu huku rufaa yako ikisubiri kusikilizwa, kwa hiyo wakili wetu alipeleka na maombi ya zuio. Bila zuio lile tungeingia kwenye mazungumzo huku dalali wa mahakama akiwa mlangoni, na mtu aliyeshikwa hivyo hukubali lolote.

Gharama nazo nizitaje, maana watu huzificha. Kufikia rufaa, familia ilikuwa imeshatoa zaidi ya shilingi milioni 5 kwa wakili, nakala, nauli za mashahidi na chakula chao. Fedha hiyo ilitoka kwenye michango ya ndugu na kwenye mkopo wa kikoba cha mama. Asiye na uwezo huo asikate tamaa: Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua watoa msaada na wasaidizi wa kisheria, na wapo wilayani. Hasara nyingine ilikuwa shambani. Wanunuzi wa machungwa wanaopeleka mzigo Kenya hawagusi shamba lenye kesi, wanaogopa lori lisije likazuiwa njiani. Msimu mzima tuliangalia machungwa yakianguka na kuozea chini, kwetu na kwa Mwalimu vilevile.

Aliyefungua mlango ni mama. Yeye na mke wa Mwalimu wako kikoba kimoja na hawakuwahi kuacha kusalimiana, hata siku za kesi. Jioni moja mama akaniambia, "Mke wa Mwalimu anasema mumewe halali usiku." Nilikasirika. Nilimwambia sisi ndio tusiolala. Mama akasema, "Basi wote hamlali, si mkutane?"

Nilimweleza wakili kabla ya kwenda, na ninamshauri kila mtu afanye hivyo. Alinipa masharti machache. Tukutane kwa mtu anayeheshimiwa na pande zote. Tukubaliane mwanzo kabisa kwamba yatakayosemwa hayaathiri haki za yeyote kama mazungumzo yakivunjika, na kila barua au ujumbe wa simu kuhusu mapatano uandikwe hivyo. Nisisaini karatasi yoyote siku hiyo, hata mahudhurio. Na tarehe za mahakama ziendelee kuhudhuriwa kama kawaida, kwa sababu mrufani asipotokea siku ya kusikilizwa rufaa yake inaweza kufutwa, na habari kwamba mlikuwa karibu kupatana haitakuokoa.

Mwalimu alikuja na mfuko wa plastiki. Nilimsalimia shikamoo, akaitikia, kisha akautoa mkataba wake wa kununua, umekunjwa mara nne na kuchakaa kwenye mikunjo, una saini ya baba mdogo na ya mjumbe wa wakati ule. "Mwanangu," akasema, "hii ni fedha ya kiinua mgongo changu. Miaka yote ya chaki imo humu. Nilimuuliza mzee wenu, akaniambia shamba aliachiwa na kaka yake. Ningejua ni la mirathi nisingeligusa." Nilikuwa nimemwona miaka mitatu akiwa upande wa pili wa chumba cha Baraza na sikuwahi kumsikia akisema jambo lolote ila kujibu maswali ya mawakili. Nilikuja pale nikiwa na hasira ya kumwambia, sikuipata. Tulikoseana wote wawili, yaani familia yetu ilimkosea kupitia mtu wetu, naye alitukosea kwa kutotuuliza sisi watoto tuliokuwa hai.

Hesabu tuliyoifanya pale ilikuwa ya wazi. Nyumba yake iko upande wa barabara, makaburi yako upande wa bondeni. Yeye hakuwa na haja na bonde, alichokuwa nacho kule ni michungwa aliyoipanda, imeshaanza kuzaa. Sisi hatukuwa na haja na barabara kama tulivyokuwa na haja na makaburi. Abaki na ekari moja na nusu yenye nyumba, arudishe ekari moja na nusu ya bondeni, na mirathi imlipe fidia ya michungwa yake ya huko. Tukamwita bwana shamba ahesabu miti, mmoja mmoja, kwa umri. Baada ya kuvutana tukatua kwenye shilingi milioni 3.6, kwa awamu tatu za milioni 1.2, kila moja baada ya mavuno.

Kazi ngumu ilikuwa nyumbani kwetu. Mdogo wangu aliinuka kwenye kikao. "Dada, yaani tumlipe mtu ili aturudishie kaburi la baba?" Sikuwa na jibu la kumtuliza, kwa sababu kwa namna moja ndivyo ilivyokuwa, na ukiniuliza leo bado linauma. Nilichofanya ni kuwawekea mezani yote mawili. Tukienda mbele na kushinda kwa hoja ya maoni ya wazee, tunaanza upya. Tukishinda kwa hoja nyingine, Mwalimu ana haki ya kwenda Mahakama ya Rufani. Na kulikuwa na jambo la tatu ambalo wakili alilitilia mkazo: dai la kurudisha ardhi lina ukomo wa miaka 12, na miaka hiyo, kuhesabu tangu baba afariki, ilikuwa inatimia 2023. Shauri likirudi Barazani na kuondolewa kwa kasoro yoyote, tuseme mipaka haikuelezwa sawasawa kwenye maombi, tungejikuta tunataka kufungua jipya nje ya muda. Mdogo wangu akauliza kama jaji hatatuona waoga. Nikamsomea Ibara ya 107A ya Katiba, inayozitaka mahakama zikuze usuluhishi kati ya wenye migogoro. Hakufurahi, ila alisaini.

Saini zile za ndugu nazisisitiza. Mimi ndiye msimamizi wa mirathi, na kisheria ni msimamizi anayeshtaki na kushtakiwa kwa niaba ya marehemu, kwa hiyo ndiye anayesaini mapatano. Mrithi asiye msimamizi akisaini, hata awe kifungua mimba, karatasi hiyo haina mguu wa kusimamia. Lakini msimamizi naye anayegawa ardhi ya marehemu bila warithi kukubali anajitafutia kesi nyingine na ndugu zake. Tuliandika muhtasari wa kikao, kila mrithi akasaini mbele ya mtendaji wa kijiji, tukauambatisha. Upande wa Mwalimu wakili wetu alitaka mkewe naye aandike kuridhia, kwa kuwa nyumba ya familia imo ndani ya ardhi inayozungumziwa. Mke wa Mwalimu alisaini kwa mwandiko mzuri kuliko sisi wote.

Sasa hati yenyewe. Rasimu ya kwanza ilitoka kwa wakili wa upande wa pili, haikufika hata ukurasa mmoja. Ilisema wadaawa, yaani pande mbili za kesi, wamekubaliana kumaliza mgogoro wao nje ya mahakama, na mrufani anaiondoa rufaa yake. Ukiisoma kwa haraka inapendeza. Wakili wangu aliipigia mstari sentensi ya mwisho kwa kalamu nyekundu. Rufaa ikiondolewa tu, hukumu ya Baraza inabaki palepale, hai, na tuzo ya mahakama, yaani amri rasmi inayotokana na hukumu, inaweza kuombewa utekelezaji hadi miaka 12. Mwalimu ni mtu mwema, lakini Mwalimu atakufa kama baba alivyokufa, na watoto wake wangelikuta jalada linalosema ekari tatu ni za baba yao, na karatasi nyingine ya pembeni isiyo na muhuri wa mahakama. Tungekuwa tumelipa milioni 3.6 na kurudi tulikoanzia.

Kinachotakiwa ni kuiomba mahakama iyasajili makubaliano na kutoa tuzo kwa mujibu wake. Msingi wake ni Amri ya 23, kanuni ya 3, ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33: mahakama ikiridhika kuwa shauri limemalizwa kwa makubaliano halali, inayarekodi na kutoa tuzo kama yalivyo. Ndani ya hati yetu tuliandika bayana kwamba masharti haya yanachukua nafasi ya hukumu na tuzo ya Baraza, gharama zilizoamriwa kule zikiwemo, na kwamba kila upande utabeba gharama zake. Kama kuna sentensi moja ya kuchukua hapa, ichukue hiyo uipeleke kwa wakili wako.

Baada ya hapo tuliingia kwenye ardhi. Neno "upande wa bondeni" kila mtu analielewa mpaka siku atakapouza. Tulikwenda na mpima ardhi, mwenyekiti wa kitongoji na majirani wanaopakana, tukatembea mpaka wote. Mpima akachukua vipimo vya kila kona, vikaandikwa kwenye hati pamoja na mchoro, na siku hiyohiyo vijana wakamimina zege kwenye kona nne. Tukiwa pale ndipo Mwalimu aliposimama chini ya mchungwa uliolemewa, akainua macho. "Na haya ni ya nani?" Mti ulikuwa unahamia kwetu, matunda yaliyokuwa juu yake aliyahudumia yeye, amepalilia na kupiga dawa. Hakuna aliyekuwa amelifikiria. Tulikubaliana msimu ule avune yeye, na kuanzia msimu unaofuata tuvune sisi, likaandikwa. Tukaandika na njia ya miguu ya upana wa mita mbili kutoka barabarani kupita pembeni ya nyumba yake hadi makaburini, kwa familia yetu na wageni wa mazishi, isifungwe na yeyote atakayekuja kumiliki pale. Mambo madogo ya aina hii ndiyo yanayofufua kesi, na huwezi kuyaona ukiwa umekaa kwenye kiti cha ofisi.

Tuliweka pia kifungu cha kushindwa kulipa. Awamu moja ikichelewa zaidi ya siku 30, salio lote linadaiwa kwa mkupuo, na Mwalimu anaweza kukaza hukumu bila kufungua shauri jipya. Kifungu hicho kilikuwa dhidi yetu, nami nilikikubali, kwa sababu ndicho kilichompa amani ya kuondoka bondeni kabla hajalipwa senti ya mwisho.

Hati yote tuliiandika kwa Kiswahili. Tangu mabadiliko ya sheria ya 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, na sikuona sababu ya mama kusaini asichokisoma.

Tulikwenda Mahakama Kuu Tanga asubuhi, pande zote mbili kwenye daladala moja. Nilidhani jaji atapiga muhuri tu. Hakufanya hivyo. Aliisoma hati, akatuuliza mmoja mmoja kama tumeisoma wenyewe, kama kuna aliyetulazimisha, kama tunaelewa kwamba tuzo inayotokana na ridhaa ya wadaawa haikatiwi rufaa. Hilo lilinishtua kidogo, japo nilikuwa nimeambiwa. Baada ya kusajiliwa, njia ya kuitengua ni nyembamba mno, mpaka uonyeshe udanganyifu, shinikizo au jambo la uzito huo. Majuto hayahesabiki. Kwa hiyo kama una shaka, iseme kabla ya kusimama mbele ya jaji.

Kuna aya moja aliikataa. Tulikuwa tumeandika kwamba baba mdogo atachangia shilingi milioni moja kwenye fidia. Jaji akauliza, "Huyu ni mdaawa katika rufaa hii?" Hakuwa. Tuzo inawafunga waliomo kwenye shauri, na inahusu kile kilichobishaniwa. Aya ikatolewa, tukasaini pembeni ya marekebisho, na makubaliano yakarekodiwa kuwa tuzo ya mahakama. Ahadi ya baba mdogo tuliiandika baadaye kama mkataba wake mwenyewe na mirathi, ofisini kwa mtendaji wa kijiji. Alisaini bila kuinua uso. Mama ndiye aliyemkaribisha chakula siku ile, mimi sikuweza.

Baada ya tuzo watu wengi hurudi nyumbani wakalala, na ndipo wanapoumia. Tuliomba nakala zilizothibitishwa, moja ikaenda kwa Mwalimu, moja kijijini ili kumbukumbu za ardhi zirekebishwe, moja Barazani ili jalada la utekelezaji lifungwe. Awamu zote tulizilipa kupitia benki, tukaandika namba ya rufaa kwenye maelezo ya malipo, maana mpokeaji wa fedha taslimu anaweza kusahau na anaweza kufariki. Na tulipomaliza ya tatu hatukuishia kwenye risiti. Malipo ya tuzo yanayofanyika nje ya mahakama yanatakiwa yathibitishwe mahakamani, na yasipothibitishwa mahakama inayokaza hukumu haiyatambui, hata kama kila mtu kijijini anajua ulilipa. Mawakili waliandika barua ya pamoja kueleza kuwa tuzo imetekelezwa yote, Mwalimu nami tukasaini, ikapokelewa masijala na kugongwa muhuri. Nakala yangu iko kwenye jalada moja na barua ya usimamizi wa mirathi, na mdogo wangu ana nakala yake.